Mama mkwe anamwita Shija, mimi nataka aitwe Muujiza

BARUA

Shikamoo Shangazi,

Naandika usiku huu mtoto akiwa kifuani, kwa hiyo maneno yakipinda unisamehe, natumia kidole gumba kimoja. Nina miaka 33, naishi Kirumba hapa Mwanza, nauza dagaa Mwaloni. Mume wangu ni fundi wa injini za boti. Ndoa yetu ina miaka tisa.

Huyu binti nimempata kwa tabu. Alikuja wiki ya 30, gramu 1,200. Nilipoonyeshwa mara ya kwanza, mkono wake mzima ulikuwa kama kidole changu cha kati. Tulikaa hospitali wiki tano kwenye wodi ya watoto njiti. Nilimbeba kifuani ngozi kwa ngozi, wenyewe wanaita kangaruu, mchana na usiku, huku nakamua maziwa anapitishiwa kwenye mrija wa puani. Mama wa kitanda cha pembeni aliondoka mikono mitupu. Aliyekuja baada yake pia. Mimi nikatoka na mtoto. Leo ana siku 76, ana kilo mbili na robo tatu, na ananyonya mpaka naona kizunguzungu.

Siku tunatoka, kwenye bajaji, nilimwangalia nikasema moyoni: huyu ni Muujiza. Jina lilikuja lenyewe, sikulitafuta.

Kumbe ndiyo nimefungua baraza. Mume wangu kasema sawa, ila tuandike Miracle, maana Muujiza linasikika kama jina la mtumbwi. Mchungaji wetu kasema iwe Miujiza, kwa sababu Mungu hatendi mmoja akaishia hapo. Wifi yangu aliyeolewa na Mwislamu kule Igoma anasema muujiza ni wa mitume, binadamu wa kawaida aitwe Karama. Wenzangu Mwaloni hawajangoja kikao, wameshaanza kuniita Mama Muu.

Hao wote ningewamudu. Shida ni mama mkwe. Alikuja kutoka Kwimba na kapu la michembe kunisaidia uzazi, na tangu siku ya kwanza anamwita mtoto Shija. Hakuuliza mtu. Asubuhi akiamka, "Shija wane", Shija wangu. Akimwogesha, Shija. Shangazi, wewe ni mtu wa huku, unajua Shija ni nani. Ni yule anayefuata pacha. Miaka minne iliyopita nilijifungua pacha kwa upasuaji, wa kiume na wa kike, miezi sita na nusu. Waliishi siku mbili. Mimi nilikuwa sijitambui, damu ilinitoka sana. Nilipozinduka, siku ya nne, mama mkwe alikuwa ameshawachukua na kwenda kuwazika kwao. Sikuwaona. Mpaka leo sijafika pale. Nyumbani hatulizungumzi, na kwa kutolizungumza ndivyo nilivyoweza kusimama tena.

Sasa kila akiita Shija nasikia kama anahesabu: mmoja, wawili, huyu wa tatu. Naogopa. Nilimwambia mume aongee na mama yake, akajibu, "Mwache tu, ni mzee."

Wiki iliyopita nilikwenda Mwaloni mara moja kudai hela zangu. Narudi nakuta kadi ya kliniki, pale penye jina la mtoto ambapo nilikuwa nimepaacha wazi, pameandikwa Shija kwa penseli. Mama mkwe hajui kuandika, alimwita mtoto wa jirani wa darasa la nne. Nikafuta. Juzi nimekuta tena. Nikafuta tena, na karatasi pale imekuwa nyembamba mpaka ukiinyanyua kwenye taa unaona mwanga. Safari hii aliniona nikifuta. Hakusema neno. Alichukua ungo akaenda nje kuchambua mchele ambao nilishauchambua asubuhi. Tangu siku hiyo tunasalimiana kwa adabu tu.

Siku 90 za kumsajili mtoto zinakaribia na tangazo la kizazi, ile karatasi ya kuombea cheti, liko kabatini. Nifafanulie: Muujiza, Miujiza, Miracle, Karama, yana maana gani hasa, na lipi linafaa mtoto? Na je, nakosea kumkatalia mzee? Kuna kitu kimoja sijamwambia hata mume wangu. Mtoto akilia nikambembeleza mimi nikashindwa, mama mkwe akamwita Shija, ananyamaza.

Mama asiye na usingizi, Kirumba

JIBU

Marahaba mwanangu. Hongera kwa uzazi, na pole. Nimezitaja zote mbili kwa sababu nadhani miaka minne iliyopita ulipewa "pole" ya haraka haraka, watu wakaangalia pembeni.

Nianze na maneno, maana umeyauliza, na mimi nilifundisha Kiswahili muda mrefu kiasi kwamba siwezi kuyaruka.

Muujiza limetoka katika Kiarabu, katika shina lenye maana ya kushindwa. Muujiza ni jambo linalowashinda watu, wakabaki hoi, hawana la kufanya wala la kueleza. Neno letu ajizi, ule uzembe wa kushindwa kuanza jambo, ni ndugu yake wa tumbo moja. Na ndugu yao wa tatu, nakuomba usicheke ukamwamsha mtoto, ni ajuza: bibi kikongwe, ambaye nguvu zimemwishia. Kwa hiyo muujiza na ajuza ni familia moja hata kabla hawajakutana jikoni kwako.

Kisarufi, mchungaji wako amekosea kidogo, ingawa nia yake ni njema. Miujiza ni wingi. Ukimwita binti mmoja Miujiza ni sawa na kumwita Miti. Kama ni hilo, mwite Muujiza, na useme "Muujiza amelia", kwa sababu likishakuwa jina la mtu linafuata a- kama watu wengine. Mume wako naye amelikimbia la Kiswahili akadhani la Kiingereza lina uzito zaidi. Miracle limetokana na Kilatini, miraculum, kutoka kwenye kitenzi cha kustaajabu. Maana yake ni "kitu cha kukodolea macho", hakuna zaidi. Na hapa Mwanza litatamkwa Mirako mpaka siku ya harusi yake, hilo nakuhakikishia. Kuhusu mtumbwi, fundi wa injini asilidharau jina la mtumbwi. Sijawahi kuona mvuvi akikipa chombo chake jina asilolitafakari.

Wifi yako yuko sahihi kwa upande wa elimu ya dini yao. Wanazuoni wa Kiislamu hutenganisha: muujiza hutokea kwa mkono wa nabii, karama hutokea kwa mkono wa walii, mcha Mungu asiye nabii. Lakini Qur'ani yenyewe, inapotaja fimbo ya Musa na mengine kama hayo, inatumia neno aya, yaani ishara, neno lile lile la aya unazosoma. Ndiyo maana kuna mabinti wanaitwa Aya. Na Injili ya Yohana ya Kiswahili inafanya jambo linalofanana: divai ya Kana haiitwi muujiza pale, inaitwa ishara, mwanzo wa ishara. Karama lenyewe asili yake ni heshima na ukarimu. Karimu na takrima, hata ile takrima ya wagombea tunayoijua, zimetoka hapo hapo. Ni jina zuri. Halimdai mtoto kitu.

Kuna mengine hukuyataja. Ajabu nalikwepa, kwa sababu Kiswahili cha leo kimeligeuza: "mtu wa ajabu" mara nyingi ni mtu wa kukaa naye mbali. Shani lina mshangao wenye uzuri ndani yake. Tunu ni kitu adimu kilichotolewa kama zawadi. Na liko moja ambalo mimi naliona ndilo jina la muujiza hasa katika lugha yetu, japo hakuna anayelihesabu hivyo: Sikudhani. Mama aliyekata tamaa akapata mtoto anasema neno moja hilo, na ndani yake imo hospitali, imo mirija, yamo yote. Halimwinui mtoto juu ya madhabahu. Linasema tu kilichompata mama.

Usidhani ni wewe peke yako duniani uliyewaza hivi. Wahispania wana Milagros, miujiza, tena kwa wingi kama mchungaji wako atakavyo. Waebrania wana Nissim, vilevile miujiza. Afrika Kusini alikuwako Robert Mangaliso Sobukwe, aliyeongoza chama cha PAC kupinga ubaguzi wa rangi, na hilo Mangaliso ni ajabu, jambo la kushangaza. Majirani zetu Wajaluo wa Rorya muujiza wanauita hono. Sisi Wasukuma mtu wetu mkubwa wa maajabu, yule anayesimuliwa kwamba alinyooshea miti kidole ikakauka, tunamkumbuka kwa jina la Ng'wanamalundi. Hilo lilikuwa la mitaani, jina lake lilikuwa Igulu, juu, mbinguni. Nafikiri hata waliompa hawakujua atakuja kukausha nini.

Haya. Sasa nikuambie kwa nini, pamoja na uzuri wake wote, Muujiza mimi silipendi kwa binti huyu.

Kwanza, naona limekudhulumu wewe. Nimesema muujiza ni jambo lililowashinda watu. Wewe wiki tano hukushindwa. Huo utaratibu wa kumbeba njiti kifuani ulianzia Bogotá, Colombia, mwaka 1978, daktari mmoja aitwaye Edgar Rey alipoona mashine za kuwatunzia joto hazitoshi na watoto wanalazwa wawili watatu kwenye moja. Akawapa mama zao. Joto la kifua cha mama likafanya kazi ya mashine, na maziwa yakawa karibu. Miaka mingi baadaye wewe umelala kwa kukaa, mgongo unawaka, unakamua tone kwa tone, na muuguzi anapima gramu ishirini ishirini. Nashukuru Mungu pamoja nawe, sikatai hata kidogo. Ila sitaki jina litakaloifuta kazi ile.

Pili, na hili ni zito. Unakumbuka Septemba 2018, kivuko cha MV Nyerere kilipopinduka ziwani karibu na kisiwa cha Ukara. Tarehe 20. Siku mbili baadaye wazamiaji wakamtoa fundi wa mitambo akiwa hai, alikuwa kwenye chumba chenye hewa kidogo chini ya chombo kilichopinduka. Ziwa zima, kutoka Nansio mpaka Musoma, lilitamka neno moja: muujiza. Na ulikuwa muujiza. Lakini ufukweni pale pale kulikuwa na watu wamekaa mchangani wanangoja kuitwa kutambua miili, waliokufa walizidi 220. Nilimsikia mama mmoja pembeni yangu, hakuwa na hasira, aliuliza tu polepole, "Na wetu?"

Neno muujiza kila mara linamwacha mtu mmoja akiuliza hivyo. Ukimwita huyu Muujiza, ipo siku atakuwa na miaka kumi na mbili, atakuja kusikia kwa shangazi au kwa jirani kwamba walikuwepo wawili kabla yake, na atajiuliza kwa nini yeye. Sijui utamjibu nini. Nadhani wewe mwenyewe hilo swali unalo tayari, ndilo linalokunyima usingizi, na mtoto amekuwa kisingizio.

Nimesoma barua yako mara tatu. Umemtaja mume, mchungaji, wifi, wanawake wa Mwaloni, mama wa kitanda cha pembeni na yule aliyekuja baada yake, mpaka mtoto wa jirani wa darasa la nne. Pacha wako umeandika "wa kiume na wa kike". Walikuwa na majina, mwanangu. Kwa Wasukuma pacha hawangoji kikao. Anayetangulia ni Kulwa, anayefuata ni Doto, hata wakiishi saa moja. Na Shija ndilo jina pekee kati ya yote mnayogombania linalokubali kwamba Kulwa na Doto walikuwa watoto wa nyumba hiyo.

Najua utanijibu na Maandiko, kwa hiyo nakuwahi. Raheli alipokuwa anakata roho alimwita mwanawe Benoni, mwana wa uchungu wangu, na Yakobo akakataa, akamwita Benyamini. Baba hakutaka mtoto abebe msiba wa mama. Hoja hiyo naiheshimu, na kama mama mkwe angekuwa anamwita mtoto Msiba au Masikitiko ningekuwa upande wako leo hii. Lakini Shija halisemi habari ya uchungu. Linasema zamu: nimekuja baada yao. Shija ambao kaka zao wako hai wanakula ugali nao meza moja wanaitwa hivyo hivyo. Simama stendi ya Buzuruga uite "Shija!" uone watageuka wangapi, konda, mwalimu, muuza vocha, wote wazima wa afya. Wajaluo nao wana Opiyo na Odongo, na anayefuata pacha ni Okello, na hakuna anayemwogopa Okello. Hiyo hesabu unayoisikia, mmoja, wawili, huyu wa tatu, anayeihesabia kuelekea kaburini ni wewe. Bibi anahesabu watoto.

Nije kwa bibi mwenyewe. Kuandika kwenye kadi bila ruhusa yako amekosea, tena mara mbili, na kumtumia mtoto wa watu ni ujanja ambao nikikutana naye nitamwambia. Mwenye kadi ni mama. Lakini nataka urudi kwenye barua yako, pale uliposema amewachukua akaenda kuwazika. Umeliandika kama kosa. Fikiria siku hiyo ilivyokuwa. Mkamwana wake yuko kitandani hajulikani kama ataamka, mwanawe amechanganyikiwa, na yeye mwanamke mzima anapewa vitoto viwili vimefungwa kwenye kitenge, anapanda gari na kurudi navyo kwao. Ni mwendo mrefu ule ukiwa umepakata kitu cha namna hiyo na huwezi kulia, abiria wasije wakauliza. Katika familia yenu yote ni yeye peke yake aliyewashika. Miaka minne hakuna aliyemuuliza walikuwaje. Halafu anakuja mjukuu, anatamka jina linalowataja wenzake, na anaona ufutio ukipita juu yake.

Ungo ule wa mchele uliochambuliwa tayari, wewe umeuona ni kiburi. Mimi nimeuona ni mtu anayetafuta pa kuweka mikono yake.

Kwa hiyo kazi ya kwanza si jina. Jumapili hii baada ya ibada, au asubuhi wakati anamkanda mtoto, kaa chini naye. Usianze na kadi. Mwambie, "Mama, mimi sikuwaona. Nielezee." Mwache aongee kwa Kisukuma kama ndicho kinachomtoka, hata kama wewe chako kimepungua. Muulize Kulwa alikuwa yupi, wa kiume au wa kike. Muulize walifanana na nani. Inawezekana atalia kabla yako. Inawezekana atakuambia jambo ambalo hukulijua, kwa mfano kwamba alikungojea kadiri alivyoweza na ikashindikana. Na barabara ya Kwimba ipo, mtoto akipata nguvu mnaweza kwenda naye. Mimi nisingekwenda bila mume.

Maana huyo mume nina neno naye. "Mwache tu, ni mzee" ni maneno ya mtu aliyekaa kwenye mtumbwi akiwaachia wanawake wawili kasia. Pacha wale walikuwa wake pia, na huyo mzee ni mama yake. Zamani kule Uyahudi majirani na jamaa waligombania jina la kitoto vivyo hivyo, wakitaka aitwe Zakaria kama baba yake, mama akikataa, na baba wakati huo alikuwa bubu. Aliomba kibao, akaandika: jina lake ni Yohana. Yule alikuwa hawezi kusema na bado alitoa msimamo. Wa kwako ana ulimi, nasikia anautumia vizuri tu kupanga bei ya injini.

Umeniuliza lipi linafaa, sitakukimbia. Ningekuwa mimi, kwenye cheti ningeandika Shija, likifuatiwa na jina la baba na la babu kama kawaida yetu. Muujiza ningelibakiza la ndani, la mama na mtoto, la usiku kama huu, kifuani. Majina ya namna hiyo yana utamu wake yakibaki kwenye kanga. Yakipelekwa shuleni yanaanza kuulizwa maswali: "Muujiza kafeli hesabu?" Watoto hawana huruma, nimewafundisha. Lakini kama ukishazungumza na bibi, ukalia yote, ukakaa wiki, na bado Shija linakuchoma kila likitamkwa, basi wewe ndiye uliyebeba mimba na wewe ndiye utakayeliita kila siku. Hapo mwite Sikudhani, au Shani, na bibi abaki na Shija lake la nyumbani. Mtoto mwenye majina mawili huku kwetu si habari. Nitakachokukatalia ni kulichagua jina kwa hasira ya ufutio.

La kunyamaza usilifanye kubwa. Bibi ana sauti nzito na ametulia. Wewe unapobembeleza unaogopa, na mtoto aliyekaa wiki tano juu ya moyo wako anaujua unavyodunda kuliko daktari. Siku moja mwite wewe mwenyewe Shija, mkiwa peke yenu, hata kwa kunong'ona, uone wewe utajisikiaje. Yeye hana neno.

Kuhusu siku 90, ni kweli ndizo za kusajili bila usumbufu, na tangazo liwe na jina mlilokubaliana, maana kubadilisha baadaye kuna viapo na foleni. Una wiki mbili. Zikipita cheti bado kinapatikana, ila utazunguka zaidi, kwa hiyo msikimbizane mpaka mkaandika kitu cha kujutia. Hakikisheni tu herufi ziko sawa na za vitambulisho vyenu, hapo ndipo watu wengi wanapokwama.

Na hiyo kadi, mtakapofika hatua ya kuijaza, andikeni kwa kalamu ya wino, tena taratibu. Karatasi ile haihimili ufutio wa tatu.

Wako,
Shangazi